Msingaji Hafungui Kanga

Nyinyi mnaosinga maharusi siku hizi kwa vikopo vya dukani, sina ugomvi nanyi. Kila zama na mambo yake. Juzi hapa Bagamoyo nimemwona binti mmoja anamsugua mwali mgongo huku simu imesimamishwa dirishani inarekodi, na mwali badala ya kutulia anaangalia kama nywele zimekaa vizuri. Nikanyamaza. Nimestaafu, na mstaafu akisema sana huambiwa ana wivu.

Lakini kuna kanuni moja mmeirithi kutoka kwangu, na wengi wenu niliwafinya kwa ajili yake. Mnaikumbuka. "Msingaji hafungui kanga. Wa kufunguliwa ni mwali." Hata chumba kiwe na moto wa chetezo, madirisha yamezibwa, jasho linakutiririka hadi kwenye kope, kanga yako ya kifuani haisogei. Nilidhani ni adabu ya kazi. Nawaandikia ili niwaambie ilikotoka, maana mimi mwenyewe nilipojua nilipigwa na butwaa, na mpaka leo halijanitoka lote.

Niliipokea kwa aliyenifundisha kazi, Bi. Mwanahawa, ambaye hadi leo namwita Somo. Mwanamke mfupi, mkali, mikono yake kama mbao iliyopigwa randa. Yeye alijifunga kanga mbili, moja kifuani na ya pili lubega begani, na juu ya kiuno mkanda wa kitambaa. Tulikuwa tukimcheka kichinichini kwamba Somo anakwenda vitani. Kwenye kuoga tukimaliza kazi, sisi wanafunzi tulijimwagia maji pamoja uani, yeye alioga mwisho, peke yake, mlango kaegemeza jiwe.

Na kazi aliijua. Alitufundisha kwamba singo si manukato, singo ni kutoa nongo. Liwa, ule mti wa kunukia, unaisaga kwenye jiwe mpaka ukiipaka huisikii chembe. Unatia dalia, ule unga wa njano, asumini zilizochumwa jioni, karafuu kidogo, unakoroga kwa marashi ya waridi. Unasugua kuelekea moyoni. Nongo zikianza kujiviringa chini ya kiganja kama tambi, hapo ndipo kazi inaanza, na hapo ndipo wengi wenu mnapoachia mkaenda kunywa soda.

Nimesema karafuu kidogo. Siku zangu za mwanzo niliona karafuu ikizidi na harufu itazidi, nikatia ukufi mzima. Mwali aliruka kama aliyekalia siafu, akatoka mbio mpaka uani na kanga moja, na uani wakwe ndio kwanza wanashusha sanduku la harusi. Hee! Somo hakunipiga. Alichukua bakuli la mtindi akammwagia yule mtoto wa watu mgongoni, kisha akanigeukia. "Zuhura," akasema, "umeitwa kusinga, hukuitwa kupika pilau." Jina la Zuhura Pilau lilinikaa miaka mingi.

Baada ya kusinga, tulikanda. Mabega ya mwali aliyelala vibaya kwa wasiwasi, kiuno cha mama yake aliyesimama jikoni, miguu ya bibi yake. Vidole vyangu vilijua kila aina ya fundo lililo chini ya ngozi, na lipi linataka mafuta ya nazi ya moto, lipi la ufuta, lipi la kuachwa lilale. Ndiyo maana kosa nililolifanya, asiye mkandaji asingelifanya.

Nilikiona kivimbe mwenyewe, nikijisugua bafuni. Ziwa la kulia, upande wa kwapa, kigumu kama kokwa ya ubuyu. Hakikuuma hata kidogo. Mtu mwingine labda angeogopa. Mimi nilifurahi, kwa sababu fundo ndiyo kazi yangu. Nikapasha mafuta, nikakikanda. Kila nikitoka kuoga nakanda, nangoja kilainike kama vinavyolainika vingine vyote. Hakikulainika. Nikabadili mafuta. Nikajiambia ni maziwa ya zamani yameganda, mimi niliyemwachisha mwanangu wa mwisho ziwa yeye akiwa bado hana meno yote, na sasa ana watoto wake! Mkono uliozoea kukanda huamini kwamba kila kitu hukandika.

Aliyegundua ni binti yangu Sauda. Ilikuwa asubuhi ya Idi, ananifunga zipu ya gauni kwa mbele, mara mkono ukasimama. "Mama, hiki nini?" Chuchu ilikuwa imeingia ndani, na ngozi yake imekuwa na vitundu vitundu kama ganda la chungwa. Mimi nilikuwa nakiona kila siku, lakini nilikuwa nakiona kama kazi ambayo haijaisha. Sauda aliketi kitandani na gauni langu halijafungwa. Hakulia. Aliniuliza swali moja tu: "Tangu lini?" Nilipomjibu, alinitazama kana kwamba mimi ndiye mtoto.

Tukaenda hospitali ya hapa, wakatuandikia kwenda hospitali kubwa Dar. Wakachoma sindano wakachukua nyama kidogo, tukangoja, tukaitwa. Daktari alikuwa binti mdogo, wa bara kwa matamshi yake, akaniamkia vizuri. Akavuta kiti akakaa karibu yangu, si ng'ambo ya meza, na hapo nikajua, maana mtu hakusogelei hivyo kwa habari njema.

"Mama, majibu yametoka. Ni saratani ya matiti. Tukiliondoa titi lote, na ukatumia dawa, nafasi ipo, na ni nzuri. Ila umechelewa kidogo, tusichelewe tena."

Nilishtuka mpaka nikacheka. Wallahi nilicheka. Kisha nikamuuliza, "Mkishaliondoa mnalipeleka wapi?" Ndilo swali lililonitoka. Sikuuliza kama nitapona, wala kama nitakufa. Nilitaka kujua ziwa langu litalala wapi. Yule binti hakunicheka. Alinishika mkono akaanza kunieleza, lakini mimi sikusikia neno, naona midomo tu inatembea.

Sauda alikuwa kwenye foleni ya dirisha la dawa. Nilimpita kwa nyuma, nikatoka nje ya geti. Nataka mnielewe vizuri: sikuwa nakimbia maumivu. Nilikuwa na hakika kisu kikigusa ziwa mtu hufa. Jirani yangu wa ukuta mmoja alikatwa, tukamzika. Mwenzetu mmoja mpishi wa shughuli, mwanamke wa kicheko, alikatwa, tukamzika. Sikuwa nimemwona hata mmoja aliyekatwa akatembea. Nikasema kama ni kufa, nife na viungo vyangu.

Sikurudi nyumbani. Nilikwenda Fukayosi kwa Bi. Mwanahawa, ambako alihamia shambani kwa mwanawe baada ya kuacha kazi. Nia yangu ilikuwa moja: anikande. Mikono yake ilinizidi. Fundo lililonishinda mimi, pengine yeye lisingemshinda.

Nilimkuta nyuma ya nyumba anamenya mihogo.

"Shikamoo, Somo."

"Marahaba, mwanangu. Mbona uso wa aliyefiwa?"

"Nimejifia mwenyewe."

Nikamweleza yote, nimesimama, mtandio umeniangukia mabegani. Alimenya mhogo mpaka mwisho ndipo akaweka kisu.

"Umekuja nikufanyeje?"

"Unikande."

"Nikikukanda, kitatoka?"

Nilivuta mtandio nikaurudisha kichwani.

"Wewe umekikanda. Kimetoka?"

"Hakikutoka. Lakini Somo, wakinikata nitakufa. Kila aliyekatwa amekufa."

"Nani kakwambia?"

"Nimewaona kwa macho yangu."

"Na usiowaona?"

Sikumwelewa. Alinyanyuka, magoti yanalia, akanivuta ndani, akafunga mlango na komeo. Akavua kanga ya begani. Kisha akafungua fundo la kanga ya kifuani, yule yule aliyenifinya nilipolegeza yangu, na kitu kikaanguka miguuni pake, kifuko cha marikani kilichojazwa sufi, kimeshonwa kwa mkono, kimechakaa. Nilikiangalia kwanza kile kifuko. Kisha nikainua macho.

Upande wa kulia palikuwa na ziwa la bibi kizee, limelala kama ilivyo haki yake. Upande wa kushoto hapakuwa na kitu. Ngozi imenyooka, na kovu refu kutoka kwapani hadi katikati ya kifua.

Nilipiga ukelele.

"Nyamaza," akasema, "watu watadhani nimekufa, waje na sanda."

Alikuwa amekatwa akiwa kijana, katika hospitali ya wamisheni huko bara alikokuwa ameolewa. Mume alimrudisha kwao na kibegi na mtoto mmoja. Akaja Bagamoyo, mahali ambapo hakuna aliyemjua, akajifunza singo, akanifundisha mimi. Ina maana siku ya karafuu alikuwa tayari amekatwa. Siku aliyonisinga mimi kwa harusi yangu, alikuwa amekatwa. Nimesaga naye liwa kwenye jiwe moja, nimelala naye jamvi moja nyumba za shughuli, bega kwa bega, na sikujua! Nyuma ya mshtuko ikaja hasira, tena nyingi.

"Mbona hukusema?" nikamwambia, na adabu yote imenitoka. "Mwenzetu yule mpishi alikujia akilia, ukamwombea dua tu! Na mimi je? Ulitaka nife?"

"Nilitaka kula," akasema. "Nani angemwita mwenye ziwa moja amsinge bibi harusi? Wangesema naingiza nuksi nyumbani. Wewe mwenyewe, Zuhura, ungemwita?"

Nisingemwita. Nyinyi pia msingemwita.

Ndipo nilipoelewa jambo ambalo lingeniokolea muda wote ule wa kupasha mafuta. Waliokufa tuliwajua kwa sababu tuliwazika mchana mbele ya watu, na waliopona walikuwa wamejifunga kanga. Kumbe wapo. Pengine nilishawakanda mabega. Niliketi kwenye kitanda chake cha kamba nikalia mpaka kifua kikauma, yeye kasimama mbele yangu kifua wazi, hana haraka ya kujifunga.

"Kalie njiani," akasema mwishowe. "Sauda atakuwa anakutafuta mji mzima. Rudi ukakatwe."

Nikarudi. Sauda hakunisemesha mpaka tulipofika wodini, na hapo alisema, "Mama, ukitoroka tena nakufunga kamba kama mbuzi wa Idi." Nilimwona anatabasamu, nikajua nimesamehewa.

Sitawadanganya kwamba yaliyofuata yalikuwa mepesi. Nilipozinduka, mkono wa kushoto ulikwenda wenyewe pale mahali, ukakuta bandeji imelala sawasawa na mbavu. Nilijua litaondolewa, nilitia sahihi mwenyewe, na bado nilishtuka kama mtu aliyeibiwa. Kisha zikaja dawa za mshipani. Nywele zilibaki kwenye mto. Kucha zikawa nyeusi, kucha za msingaji! Lakini lililonivunja ni harufu. Asumini, udi, marashi ya waridi, vitu vilivyonilisha na kunisomeshea watoto, vilinitapisha. Jirani akipita na kikuba cha asumini kichwani, mimi mbio na ndoo. Nilimwambia Sauda, sasa hata nikipona nitakuwa nani?

Somo alikuja akakaa nami, yeye na fimbo yake na gunia la mihogo. Alinipikia uji wa mtama usio na iliki wala mdalasini, uji usionukia chochote, na ndio uliokaa tumboni. Siku moja, kidonda kimeshafunga na daktari ameruhusu niguswe, aliingia na bakuli. Nikaziba pua. "Nusa," akasema. Ilikuwa unga wa dengu na maji matupu. Akanisinga. Miguu, mgongo, mikono iliyokauka kama gome. Tangu nilipokuwa mwali hakuna mtu aliyewahi kunisinga. Nimewatakatisha wanawake wa Kaole, Mlingotini, Kiromo mpaka Mapinga, na mimi nimekuwa kama jiko, linapikia watu halili. Nongo zilitoka, jamani! Somo akazikusanya kiganjani akanionyesha. "Mwili wa maiti hauna hizi," akasema. "Huu unatoa ngozi mpya."

Tumaini kwangu lilianzia kwenye zile nongo. Msinicheke. Wengine walilipata kwenye dua, na dua niliomba sana, wengine kwa watoto wao. Mimi niliona ngozi mpya kwa macho, nikaamini.

Sasa hivi nameza kidonge kila siku na nakwenda kliniki. Hawajaniambia nimepona. Wananiambia, "Mama, endelea kuja," nami naendelea. Nimeuliza kuhusu jirani yangu na yule mpishi, kwa nini wao walikwenda, na yule daktari binti akanijibu kwamba wengi hufika ugonjwa umeshatembea, kisha lawama hupewa kisu. Saratani ya Somo ilikuwa kushoto, mkono wake wa kazi ukabaki mzima. Yangu ilikuwa kulia, na mkono wangu wa kulia hujaa maji nikiutumikisha, unavimba mpaka bangili haipiti. Ndiyo sababu nimestaafu. Mmesikia mengine mitaani, kwamba nimeokoka, kwamba nimepata mume Ubena. Mume wa Ubena ningempenda, lakini hakuna.

Nimalize na siku ya Nasra, mjukuu wa Bi. Mwanahawa, aliyeolewa hapa mjini. Nilialikwa kusimamia kwa mdomo, mkono juu ya mto. Somo aliletwa kutoka Fukayosi, akakalishwa ukutani. Chumba kimejaa mashangazi, moshi wa udi umetanda, nami nashukuru kwamba pua imenirudia. Binti niliyemfundisha anasinga, jasho linamwingia machoni, akailegeza kanga yake kidogo apate hewa.

Mdomo wangu ulifunguka wenyewe. "Funga kanga! Msingaji ha..."

"Malizia," Somo akasema kutoka ukutani.

Mkono wangu ukaenda kwenye fundo la kanga yangu mwenyewe.

"Kanuni hiyo kaitunga nani?"

"Wewe, Somo."

"Basi naifuta. Njoo unifungulie hili fundo, vidole vyangu havina nguvu."

Niliona anatania. Nilipomwangalia macho nikajua hatanii. Niliogopa kuliko siku ile kwa daktari, kwa sababu niliwajua wanawake wa chumba kile, na nilijua kesho nani atakwenda kusema nini kwa nani. Nikamfungulia. Kifuko cha sufi kikaanguka jamvini. Kisha, kwa mkono wangu wa kushoto, nikafungua fundo langu.

Mtu mmoja akasema "Laa ilaaha illallah" chini chini. Halafu shangazi mkubwa wa Nasra, Bi. Asha, mwanamke mwenye sauti ya kuendeshea shughuli, akanyanyuka. "Somo, nakuheshimu," akasema, "lakini hii ni nuksi! Mbele ya mwali! Mnamtakia nini mtoto?" Akageuka akatuelekezea mgongo, uso ukutani.

Nilitaka kujifunga nikimbie, kama nilivyokimbia hospitali. Nasra alikuwa amekaa kwenye kigoda, uso umepakwa liwa, macho tu yanaonekana.

"Bibi," akasema, "naweza kugusa?"

"Gusa."

Alinyoosha mkono wenye singo akapitisha vidole kwenye lile kovu, akaacha mstari wa njano. Somo akaushika ule mkono kabla haujarudi, akauweka kifuani kwa Nasra mwenyewe.

"Sasa jiguse na wewe. Taratibu, uzungushe, mpaka kwapani. Ukikuta kigeni, usikikande. Nenda hospitali."

Mmoja wa mashangazi akacheka kwa woga, kisha naye akaingiza mkono ndani ya kanga. Halafu mwingine. Muda si muda chumba kizima kinajipapasa, wanaulizana, wanasukumana, "hili la kawaida hili?", "wewe hilo ni mbavu!", na yule msingaji wangu kijana anacheka mpaka liwa inamwagika.

Bi. Asha peke yake hakugeuka. Nilidhani analia kwa hasira. Nikamsogelea nimwombe radhi, ndipo nikaona kiwiko chake kinatembea, mkono umo ndani ya kanga, unatafuta kama wengine. Kisha ukasimama. Ukabaki pale pale. Aliponitazama, sura yake niliijua, maana niliwahi kuwa nayo.

Sikugusa pale alipogusa. Nilimshika mkono ule mwingine.

"Dada," nikamwambia, "Jumatatu nina kliniki. Twende wote."